Mkebe wa Babake Nashipae

Jumapili, 4 Machi 2001

…na ndiyo maana nilikuambia pale langoni kwamba sitalia, na kweli sikulia mpaka ulipolipita tangi la maji ukageuka kunipungia mkono. Hapo nikajifanya vumbi limeniingia machoni, kwa sababu mama mwenye nyumba alikuwa anaangalia.

Hatukumaliza kuongea, mpenzi wangu. Ulikuwa unanieleza kwa nini mikanda ile ya Kajiado haiwezi kungoja mvua, nami nilikuwa naangalia tu jinsi kola ya shati lako ilivyokaa, ile niliyoipiga pasi mwenyewe. Basi nitaendelea kuongea nawe humu kwenye daftari, na ukirudi Ijumaa utasoma, usipitwe na kitu chochote cha mke wako.

Nina furaha sana. Naandika hivyo ili nisisahau, kwa sababu nyumba imekuwa kimya tangu asubuhi.

Jumanne, 6 Machi

Idd. Ruqia wa duka amenitumia pilau kwenye sahani iliyofunikwa kwa nyingine. Nilipomrudishia sahani zake akaniuliza, "Hiyo bwana yako anafanya kazi gani? Begi yake inanuka siki."

Nikamwambia unatunza filamu za zamani za serikali.

"Za video? Mwambie aniletee moja ya Kihindi, ya kulia."

Nikamweleza kama ulivyonieleza ile jioni ya kwanza hapa, tukiwa tumekaa juu ya godoro kwa sababu viti vilikuwa bado havijaletwa. Kwamba ni mikanda ya sinema iliyopigwa zamani na watu wa gari la sinema, walipokuwa wakizunguka kuonyesha watu picha na kuwapiga picha pia. Kwamba mkanda ukikaa kwenye joto na unyevu unaanza kuchacha, unanuka siki, unajikunja, na harufu ile ile inaupa ugonjwa mkanda wa jirani. Kwamba kazi yako ni kuufungua kila mkebe, kuutenga ulio mgonjwa na ulio mzima, kuukunjua mkanda kwa mkono wenye glavu na kuukunja upya taratibu ili upate kupumua.

"Kwa hivyo ni daktari," Ruqia akasema. "Wa mikebe."

Nilicheka njia nzima hadi mlangoni. Ulipaswa kuwepo.

Alhamisi, 8 Machi

Nimeosha nyumba tena. Ilikuwa safi.

Ijumaa, 9 Machi

Umekuja. Siandiki.

Jumapili, 11 Machi

Umeenda. Harufu ya siki imebaki kwenye foronya na sitaifua.

Nataka niandike uliyonisimulia jana, kwa sababu ulisimulia vizuri na macho yako yaling'aa kama siku ya ndoa yetu kanisani Kimilili. Ile stoo ya zamani ya mikebe inavuja, na Mama Tajeu, huyu huyu mwenye nyumba wetu, ndiye aliyekuelekeza kwa mamake huko Kajiado. Mzee huyo, wote wanamwita Koko, yaani nyanya, ana ufunguo wa ukumbi wa mikutano wa pale, kwa sababu ukumbi umejengwa kwenye ardhi aliyoitoa marehemu mumewe. Akakufungulia bila maneno mengi. Sasa mikebe imepangwa kwenye mabenchi, mahali pakavu, na wewe unalala kwenye chumba cha nyuma.

Halafu ile filamu ya mnada wa ng'ombe, ya mwaka wa sitini na mbili. Mtu mrefu anatembea kando ya fahali mweupe. Anacheka. Anamwambia kitu mshika kamera, lakini hakuna sauti, kwa hivyo hatutajua alisema nini. Ulimwonyesha Koko ule mkanda dirishani, picha moja moja ndogo kama kucha, akatazama sana, akasema, "Huyu ni wangu." Ukamuuliza jina ili uandike kwenye kadi. Akasema ana usingizi, akaenda zake.

"Lazima nipate jina, Jenny," uliniambia. "Mtu kwa picha bila jina amepotea mara ya pili."

Nikajua unamfikiria mama. Mama yako, Nalianya, alifariki ukiwa darasa la tatu, na hakuna mahali popote duniani ambapo picha yake ipo. Lipo jina tu, na ulishaniambia litapewa binti yetu wa kwanza. Nilikushika mkono. Ukasema nina mikono baridi. Ni baridi kweli, nimeigusa sasa hivi.

Jumatano, 14 Machi

Simu yako ilikuja saa saba kwenye rununu ya duka, kama tulivyopanga. Ruqia anasema nikiongea nawe nasimama kwa kidole cha mguu.

Ijumaa, 16 Machi

Nilipika chapati. Hukuja. Simu ilisema lori la kuchukua mikebe hadi Nairobi limeahidiwa kesho na lazima uwepo.

Jumamosi, 17 Machi

Lori halikuja, umesema. Mimi nimekula chapati asubuhi na mchana.

Jumanne, 20 Machi

Mvua ya kwanza. Ilikuja kutoka upande wa kiwanda cha saruji, kijivu juu ya kijivu. Kabla haijafika upepo ulileta harufu ya udongo nikatoka kusimama nje kama mtoto. Mama Tajeu alikuwa anaingiza ndama.

"Takwenya," akasema.

"Iko," nikaitikia salamu yao ya wanawake, kama ulivyonifundisha.

Akaniangalia kidogo. Nadhani ni mwanamke wa kujivuna. Ana vyumba vya kupangisha, ana ng'ombe, ana kijana wake Tajeu katika shule ya bweni, na anatembea kama mtu asiyehitaji kuulizwa hali. Mimi ningependa sana kuulizwa hali.

Alhamisi, 22 Machi

Udongo mweusi. Unainua mguu, kiatu kinabaki nyuma. Nyumbu walikuwa karibu na ua wa shule asubuhi, wamesimama tu mvuani, wote wanaangalia upande mmoja.

Ijumaa, 23 Machi

Umekuja, umelowa, umenuka siki, umelala kabla sijaepua chai. Nilikaa nikikuangalia. Nina bahati.

Jumatatu, 26 Machi

Nimekufanyia kitu kizuri. Nilikuwa dukani namsaidia Ruqia kupima mchele, maana nikikaa nyumbani nasikia saa ya ukutani inavyotembea, nikamuuliza kama anamjua babake Mama Tajeu.

"Huyo mzee? Baba yangu alikuwa akinunua ng'ombe kwake miaka mingi. Alikuwa akija kwetu anakunywa chai ya tangawizi kama sisi. Mungu amrehemu."

"Jina lake nani?"

Akaniambia. Jina lake ni (nimelifuta baadaye, utaona sababu). Nililirudia kimya njiani ili nisilisahau. Jumatano nitakupa kwenye simu kama zawadi.

Jumatano, 28 Machi

Nimekupa. Ukasema, "Jenny, wewe ni dhahabu." Ukasema Jumamosi utawaonyesha watu wa hapo filamu ile ukumbini, mchana, madirisha yakiwa yamezibwa kwa mablanketi, na utalitangaza jina lile mbele ya wote ili mzee apewe heshima yake. Umesema kwenu, mtu akitajwa mbele ya watu ni kama amealikwa kukaa. Kwetu pia. Jina la marehemu ndilo tunalompa mtoto.

Nimetamani kuja. Umesema barabara ya kuingilia huko ina maji na nitalowa bure, nije mara nyingine. Sawa, mpenzi. Mara nyingine.

Jumamosi, 31 Machi

Mchana kutwa nilikuwa nawaza: sasa ameziba madirisha. Sasa amewasha mashine. Sasa fahali anapita.

Jumapili, 1 Aprili

Ulipiga simu wakati nisioutarajia. Sauti yako ilikuwa ndogo. Umesema watu walijaa, walicheka walipoona ng'ombe wa zamani na wanawake walioparamia gari la sinema. Kisha mzee akatokea na fahali wake, nawe ukalisema jina kwa sauti, mara mbili, kwa Kiswahili kizuri. Koko akasimama, akajifunika shuka kichwani, akatoka. Wengine wakamfuata mmoja mmoja, bila kelele, kama watu wanaotoka mazishini. Ulibaki na mashine yako ikizunguka.

"Nimekosea wapi, Jenny?"

Sikujua. Nikasema labda ni huzuni tu, yatapita. Nilisema hivyo kwa sababu nilitaka urudi kuniita dhahabu.

Jumatatu, 2 Aprili

Nilimsalimia Mama Tajeu bombani. Hakuitika. Alichota, akaondoka kabla ndoo haijajaa.

Jumatano, 4 Aprili

Koko ametuma mtu kuchukua ufunguo wa ukumbi. Hakuna matusi, hakuna maelezo. Umerudisha mikebe yote kwenye stoo inayovuja, ukaiinua juu ya mawe. Mvua hapa imepiga bati hadi nilikuwa siwezi kukusikia, nikawa najibu "ndiyo, ndiyo" kwa maneno nisiyoyajua.

Ijumaa, 6 Aprili

Huwezi kuiacha mikebe. Naelewa. Sikupika.

Jumatatu, 9 Aprili

Mvua.

Jumanne, 10 Aprili

Mvua. Mama Tajeu alipita mbele ya mlango wangu kwenda na kurudi. Nilikuwa nimeacha mlango wazi makusudi.

Alhamisi, 12 Aprili

Maji yameingia stooni. Umepiga simu kutoka posta na sauti yako ilikuwa ya mtu ambaye hajala. Paa limeachia upande mmoja, na safu yote ya chini imelowa. Mlinzi wa pale, kwa wema wake, alianza kuianika mikanda juani kwenye ua kama nguo, wewe ukaenda ukimpigia kelele. Kwa sababu mkanda uliolowa ukikauka huku umejikunja, picha zinagandana, hata huwezi tena kuukunjua. Inabidi ukae majini, maji safi na baridi, mpaka ufike kwa watu wenye dawa za kuuosha. Umeazima mapipa, umeitumbukiza humo, na kila siku unabadilisha maji kwa ndoo, huku mvua inakunyeshea.

Nilimwambia Ruqia. Akasema, "Yaani kitu imelowa, dawa yake ni kuilowesha? Hii kazi yenu ni ya majini."

Kuhusu mkebe wa fahali mweupe sikukuuliza. Niliogopa jibu.

Jumapili, 15 Aprili

Pasaka. Nilivaa lile gauni la waridi ulilosema linanifanya nionekane kama asubuhi. Nilienda kanisani peke yangu, nikakaa karibu na mke na mume wanaogombana juu ya mwavuli, nikawaonea wivu kwa huo mwavuli wao. Nikarudi. Nikavua gauni. Mvua ikaanza tena.

Jumanne, 17 Aprili

Sasa najua.

Nilimwambia Ruqia kwamba Mama Tajeu hanisalimii tangu siku ile ya sinema. Alikuwa anapanga miche ya sabuni. Akaacha.

"Alisema jina? Mbele ya watu?"

"Kwa heshima."

"Jentrix. Jina ya mtu amekufa hawa hawasemi. Inafunikwa. Hata mtoto akiwa na hiyo jina, anapewa ingine."

"Na mbona wewe uliniambia?"

"Nilikuambia wewe, hapa, kwa mchele. Sikukuambia utangaze kama mkutano ya chifu. Mimi niko na jirani hapa miaka ngapi na sijawahi kufungua mdomo."

"Mimi sikujua."

"Najua hukujua. Ndiyo maana sijakupiga na sabuni."

Kisha akaniambia lingine, kwa sauti ya chini ingawa duka lilikuwa tupu. Koko alipofika nyumbani siku ile alinyoa nywele zake, kama alivyofanya mumewe alipofariki. Ameanza matanga upya.

Mpenzi, nilitembea hadi nyumbani bila viatu kwa sababu udongo ulivichukua na sikuwa na nguvu ya kuvitafuta. Lile jina nilikupa mimi. Nililibeba mdomoni kama peremende.

Nimelifuta humu daftarini. Nimelichora juu hadi karatasi ikatoboka.

Jumatano, 18 Aprili

Tumegombana. Naandika ili nione kama ugomvi ukiandikwa utakuwa mdogo.

Nilikueleza yote, na Ruqia alijifanya anahesabu mayai. Ukasema unasikitika, kwamba utaenda kumwomba Koko msamaha. Nikasema hiyo haitoshi, lifute jina kwenye kadi, na kwenye mkebe, na kwenye kitabu cha orodha.

"Siwezi," ukasema. "Nitaomba msamaha kwa kulisema. Kuliandika ni kitu kingine. Nikilifuta, Jenny, miaka mia ijayo atakuwa mtu tu na ng'ombe."

"Lakini si lako."

"Mama yangu niko na jina lake na sina sura. Hawa wana sura, na wewe unataka mimi ndiye niwanyime jina?"

"Hawajalitaka, Khisa. Koko amenyoa nywele."

"Hii ndiyo kazi yangu. Wewe unajua nini juu ya kazi yangu?"

Nikasema najua inanuka. Nikasema najua kila Ijumaa nakanda unga wa watu wawili. Nikasema kama mkebe ungeweza kufunga ndoa ungeuoa. Mteja mmoja aliyekuja kununua mafuta ya taa alisema pole pole, "Dada, mwache bwana afanye kazi," na Ruqia akamwambia, "Wewe beba mafuta yako."

Ukakata simu. Labda salio liliisha. Nitaamini salio liliisha.

Alhamisi, 19 Aprili

Hakuna.

Jumamosi, 21 Aprili

Hakuna. Jana ilikuwa Ijumaa.

Jumatatu, 23 Aprili

Nimefikiria jambo moja wakati nafua. Foronya pia nimeifua, harufu ilikuwa imeisha yenyewe. Tangu tufunge ndoa nimekuwa nikikungoja kama mtu anayengoja sinema ianze: nimekaa, nimetulia, mikono mapajani. Sijawahi hata kuuona huo ukumbi. Sijui hata kama unalala upande wa dirisha.

Jumatano, 25 Aprili

Simu haikupigwa. Nilikaa dukani tangu saa sita. Ruqia alinipa maharagwe niyachambue, mengi kuliko anayoweza kuyauza.

Nilipofika nyumbani Mama Tajeu alikuwa amesimama mlangoni kwangu, ana kibuyu cha maziwa.

"Sikuja kukaa," akasema, akaingia, akakaa.

Nikachemsha chai. Nilikuwa naogopa kufungua mdomo, maana mdomo wangu ndio umeleta haya yote. Yeye ndiye aliyeanza.

"Ruqia amesema uligombana na bwana yako kwa ajili yetu."

"Mimi ndiye niliyempa lile jina, Mama Tajeu. Sikujua. Nisamehe."

"Najua ni wewe. Ruqia hawezi kukaa na kitu." Akanywa chai. "Mimi nilikasirika. Nilitaka niwaambie mtafute nyumba. Halafu nikakusikia ukilia siku ya Pasaka. Hii ukuta ni nyembamba, na mimi ndiye niliijenga, nilitaka kuokoa mawe."

Sikujua nicheke au nilie, na nadhani nilifanya yote.

Akageuza kikombe mkononi. "Yule mtu kwa picha. Anatembea?"

"Khisa anasema anatembea. Kando ya fahali mweupe."

"Anacheka?"

"Anacheka sana, anasema."

"Mimi sijawahi kumwona akicheka," akasema. "Mwaka huo nilikuwa sijazaliwa. Yule ninamjua mimi alikuwa mtu mkali, ng'ombe walikuwa wamekwisha kwa kiangazi, alikuwa hasemi na mtu. Mama yangu ndiye anamjua yule wa kucheka. Amemwona tena, kijana, halafu huyo bwana yako akapiga kelele."

Tulikaa. Mvua ilikuwa imepungua, ndama alikuwa anaita mama yake nyuma ya nyumba.

Nikamwambia kuhusu Nalianya. Kwamba Khisa hana picha ya mamake, ana jina tu, na ndiyo maana majina kwake ni kama moto usiopaswa kuzimika. Mama Tajeu alisikiliza hadi mwisho.

"Maskini," akasema. "Sasa akitaka kumwita mtu, si amwite na walio hai? Mimi wananiita nani?"

"Mama Tajeu."

"Na jina langu?"

"Nashipae."

"Sasa huyo wa picha ni nani wangu?"

"Babako."

"Basi," akasema, akasimama, akachukua kibuyu chake. "Hiyo ni ngumu?"

Mlangoni aligeuka. "Takwenya," akasema, ingawa alikuwa anaondoka.

Jumamosi, 28 Aprili

Ulipiga simu. Hatukuombana msamaha, tulianza tu kuongea kwa pamoja, kisha wote tukanyamaza kwa pamoja. Nilikuambia maneno ya Mama Tajeu, neno kwa neno, polepole, kama ninayepima mchele.

Nikasikia watu wa posta wakigonga mihuri.

"Nikilifuta halitarudi, Jenny. Hakuna mwingine aliyeliandika."

"Najua."

"Nitafikiria."

Nikakuuliza, kwa mara ya kwanza, kuhusu ule mkebe wa fahali mweupe. Ukasema haukulowa. Tangu paa liachie unalala nao chini ya mto. Miezi miwili iliyopita ningeuonea wivu.

Jumatano, 2 Mei

Mvua kidogo. Majani yameota hata kwenye njia ya bomba. Mama Tajeu amenifundisha kukama. Ng'ombe alinipiga mkia usoni, na Mama Tajeu akasema hiyo ndiyo salamu yake.

Jumanne, 8 Mei

Nimesoma daftari hili tangu mwanzo. Huyo msichana wa Machi anaongea sana. Nampenda, lakini anaongea sana.

Alhamisi, 10 Mei

Leo nimesimama dukani kwa miguu yote miwili na nimekusikiliza mpaka mwisho.

Umesema Jumapili ulichukua wembe, ukalikwangua jina kutoka kwenye mkebe, ukalichana kwenye kadi, ukalifunika kwa wino kwenye kitabu cha orodha. Umesema mkono wako ulikataa mwanzoni. Kisha ukaubeba mkebe hadi boma la Koko, ukiwa umeufunga kwa koti ili usilowe. Alikuwa amekaa kwenye kigoda, kichwa chake hakina nywele, kinang'aa. Hukusema kitu. Ulimpa mkebe mikononi.

Hajui kusoma. Akauliza, "Imeandikwa nini?"

Ukamsomea. "Babake Nashipae."

Akapitisha kidole kwenye maandishi, kutoka mwisho hadi mwanzo. Akamwita mjukuu wake alete ufunguo.

Mliingia ukumbini wawili tu. Uliziba madirisha, ukawasha mashine, ukafunga mdomo wako. Akapita na fahali wake, anacheka. Koko akasema rudia. Ukarudia. Mara ya tatu alikuomba umsimamishe pale pale anapogeuza uso, ili amwangalie vizuri. Ukamwambia haiwezekani, ukiusimamisha mkanda mbele ya taa unaungua, lazima mtu huyo aendelee kutembea.

Koko akafikiri. "Basi mwache atembee," akasema.

Nilimrudishia Ruqia simu nikatoka nje kwanza.

Ijumaa, 11 Mei

Siku yetu. Sikukanda unga, kwa sababu umeniambia mikebe imerudi ukumbini lakini lori limeahidiwa tena, na ile ya mapipani inahitaji maji mapya kila asubuhi, kwa hivyo huwezi kutoka Kajiado mwezi huu wote. Ulilisema kwa woga, kama mtu anayengoja kupigwa.

Sikukasirika. Nilitafuta hasira nikakuta imehama. Nyumba bado ni kimya na jioni bado ni ndefu, sitakudanganya. Sahani yako bado naiosha ingawa haijatumika. Lakini nilikuwa nakungoja urudi kutoka mahali nisipopajua, na kutopajua ndiko kulikoniumiza kuliko umbali.

Mama Tajeu amekuja tena leo, na safari hii alikaa kabla ya kusema hakuja kukaa. Koko ametuma ujumbe: Nashipae aje amwone babake akicheka. Na aje na yule msichana wa ukuta mwembamba.

Mama Tajeu anangoja tu barabara ikauke na apate mtu wa kumkamia ng'ombe. Ruqia amesema atatuma mtoto wa dada yake, na kwamba nikirudi nimwambie kama huyo mzee anafanana na yule aliyekuwa akinywa chai ya tangawizi kwao. Amesema hatamtaja jina, nami nisimwulize.

Nitavaa gauni la waridi na gambuti. Nitabeba ndoo yangu mwenyewe, ya kubadilisha maji, na glavu za pamba kama zako, Ruqia ameniagizia. Nitajua unalala upande gani wa dirisha. Wakati taa itakapowaka nitakaa kati ya Nashipae na mamake, nimefunga mdomo, nimwone mtu huyo akipita.

Kwa hivyo usije Ijumaa, mpenzi wangu, na usisimame barabarani kuangalia. Fanya kazi yako. Mwezi huu haujaisha, na kabla haujaisha ninakuja mimi.